Kumchunguza mnyoo wa mahameli: amini taya, si urefu

Kwenye kabati la vielelezo la idara yetu kuna chupa ambayo wanafunzi huigombea kila tunapofika mada ya arthropoda, yaani wadudu na jamaa zao wenye miguu ya viungo. Ndani yake yumo mnyoo wa mahameli, yule ambaye vitabu vya shule humwita Peripatus na kumchora kama kiungo kati ya minyoo na wadudu. Mimi si mhadhiri. Ni fundi sanifu wa maabara, kazi yangu ni kuona chupa zina spiriti na hadubini zina balbu. Ila mhadhiri akishatoka, mimi ndiye ninayebaki mezani na vijana, na swali huwa lile lile: "Dada, sasa huyu tunamwangalia nini?"

Haya ndiyo majibu yangu, kwa utaratibu wa kufuata ukiwa na hadubini. Kipimo changu ni mnyoo mmoja wa Kosta Rika, Mongeperipatus solorzanoi. Maelezo yake yaliyochapishwa mwaka 2010 ni mafupi na hayana mbwembwe, na ukiyaelewa utajua cha kuhesabu kwa mnyoo yeyote wa kundi hili utakayewekewa mbele.

Hakikisha kwanza ndiye

Hapa Tanzania na Kenya hakuna spishi ya mnyoo wa mahameli iliyowahi kuandikwa. Barani Afrika wako Afrika Kusini, wa familia ya Peripatopsidae, na upande wa Gabon na Kongo yuko Mesoperipatus tholloni, ambaye ndiye Mwafrika pekee wa familia ya Peripatidae. Jamaa zake wengine wa familia hiyo wako Amerika ya kitropiki, na wachache Asia. Kwa hiyo ukiniletea kitu ulichokiokota kwenye msitu wa Amani au wa Kakamega, nitakipokea kwa moyo mmoja, lakini najua kitakuwa kiwavi, jongoo mchanga au konokono asiye na nyumba.

Kuwatenganisha si kazi. Jongoo ana gamba gumu na miguu yenye viungo. Kiwavi ana jozi tatu za miguu ya kweli mbele, halafu vishina vichache nyuma, na katikati pana sehemu tupu. Mnyoo wa mahameli ni laini mwili mzima, miguu yake imefuatana bila kuruka toka shingoni hadi karibu na mkia, yote minene na mifupi, haina kiungo hata kimoja, na kila mmoja unaishia kwenye kucha mbili. Miguu hiyo ina uwazi ndani na husimama kwa nguvu ya majimaji ya mwili. Ndiyo maana kwenye chupa unaikuta imenywea.

Ukimfananisha na konokono, una mwenzako. Mchungaji Lansdown Guilding, aliyemtangaza mnyoo huyu kwa wanasayansi mwaka 1826 kutoka kisiwa cha St Vincent huko Karibi, alimweka kabisa kwenye kundi la moluska, yaani konokono na jamaa zao. Mambo yalibadilika pale meli ya utafiti ya Challenger ilipotia nanga Cape Town mwaka 1873. Henry Moseley aliwapasua minyoo ya huko, akakuta ndani mirija ya hewa ya aina waliyo nayo wadudu. Kuanzia hapo akahesabiwa upande wa arthropoda.

Vya kuweka mezani

Hadubini ya kupasulia, hadubini ya kawaida yenye ukuzaji wa mara 100 na 400, vibanio viwili vyenye ncha nyembamba, pini za wadudu, slaidi na vifuniko vyake, glisarini, potasiamu haidroksaidi ya asilimia 10, ethanoli ya asilimia 70, na sahani ya petri yenye nta chini. Vaa glavu na miwani, ile haidroksaidi haina mchezo na jicho. Taa iwe ya pembeni, si ya juu. Mwanga wa juu unaipiga ngozi ikang'aa na huoni kitu.

Mfanyie kazi akiwa amezama ndani ya ethanoli muda wote. Nimewahi kurudishiwa kielelezo ambacho mtu alikiacha kwenye sahani kavu akaenda kunywa chai. Ngozi ilikuwa imejikunja, vinundu havihesabiki. Haikuwa na dawa.

Urefu: uandike, usiuamini

Magazeti yalipomwandika solorzanoi yalishika jambo moja: jike la sentimita 22, kubwa kuliko mnyoo mwingine yeyote wa mahameli anayejulikana. Ni kweli, na ni ajabu, kwani wengi wa ndugu zake hawavuki urefu wa kidole. Lakini kwa kumtambua mnyoo, urefu ni kipimo dhaifu. Mnyama huyu hana mfupa wala gamba. Akitembea hujinyoosha, akiguswa hujikunyata, na akitiwa kwenye spiriti hunywea. Ukiandika urefu, andika na hali: hai akitembea, hai akiwa ametulia, au amehifadhiwa. Bila hayo namba yako haina maana.

Rangi nayo ni hivyo hivyo. Spiriti huifuta. Kama ulimwona akiwa hai, piga picha siku hiyo hiyo.

Miguu, kuanzia juu kwenda chini

Mlaze ubavu, mbane kwa pini pembeni ya mwili, si katikati yake. Hesabu upande mmoja toka kichwani, kisha mgeuze uhesabu upande wa pili bila kutazama namba ya kwanza. Zikitofautiana, anza upya. Wengi hukosea sehemu mbili. Mbele, pembeni mwa mdomo, kuna jozi ya viungo vifupi visivyo na kucha. Hivyo ni vinyunyizio vya gundi, si miguu. Nyuma, jozi ya mwisho huwa ndogo na imebanwa chini ya mkia, ni rahisi kuiruka.

Idadi ya miguu haifanani hata ndani ya spishi moja, na majike kwa kawaida wana jozi nyingi kuliko madume. Kwa hiyo kuhesabu mmoja tu hakutoshi kumpa mtu jina. Kwenye Peripatidae, angalia pia tundu la uzazi: liko tumboni kati ya miguu ya jozi ya pili toka mwisho. Likiwa kwenye jozi ya mwisho kabisa au nyuma yake, uko upande wa wale wa Afrika Kusini, na kila kitu kuhusu taya na vikanyagio (nitavieleza sasa hivi) utakisoma kwa kitabu kingine.

Sasa nenda kwenye mguu wa nne na wa tano. Hii ndiyo miguu ya maana kuliko yote, nawaambia wanafunzi waifunge uzi wa rangi kama wanaogopa kuisahau. Geuza wayo uutazame kwa chini. Utaona mistari minene ya ngozi yenye vinywele vigumu, imepangana nyuma ya kucha: hivyo ndivyo vikanyagio. Kwenye ardhi tambarare mnyoo hutembea juu ya hivyo, kucha ameziinua. Hushusha kucha anapopanda pabaya. Kwenye solorzanoi vikanyagio ni vinne katika miguu hiyo miwili, na cha nne kimepinda kama upinde. Miguu hiyo hiyo ina kinundu chenye tundu la kutolea taka, na mahali kilipo kukilinganisha na vikanyagio hubadilika kutoka kundi hadi kundi. Kichore. Usiandike tu "kipo".

Ukiwa hapo hapo, ongeza ukuzaji uitazame kucha moja. Mwanga ukiwa mzuri utaona kivuli cha kucha nyingine ndani yake, na wakati mwingine ya tatu ndani ya ile ya pili. Ni akiba: mnyoo akijivua ngozi, ya nje hutoka na ya ndani iko tayari. Taya zake zimejengwa kwa mtindo huo huo. Mwaka 2014 watafiti waliutambua mpangilio huu kwenye kucha za Hallucigenia, kiumbe cha baharini kilichoishi zaidi ya miaka milioni 500 iliyopita, ambacho kwa muda mrefu wataalamu walikichora juu chini na nyuma mbele. Kucha zikasaidia kumweka ukoo mmoja na mnyoo huyu wa mahameli.

Taya

Hapa ndipo penye kazi, na hapa ndipo wengi hukata tamaa.

Mdomo uko chini ya kichwa, umezungukwa na midomo laini iliyokunjamana. Taya ziko ndani yake, moja kila upande, na kila taya ina wembe mbili zilizolala sambamba, wa nje na wa ndani. Hazibani kwa kukutana kama koleo. Huenda mbele na nyuma, zikikwangua na kukata. Kwa asili ni miguu iliyogeuzwa kazi, na ndiyo maana wembe zake zinafanana na kucha ulizotoka kuzitazama.

Tanua midomo kwa kibanio kimoja. Kwa kingine shika taya chini kabisa, kwenye nyama, si kwenye ncha. Kata nyuma yake kwa ncha ya sindano kisha uvute polepole. Toa ya upande mmoja tu. Nyingine mwachie mtu atakayekuja baada yako. Iweke kwenye tone la haidroksaidi hadi nyama iyeyuke. Kaitini, ile dutu ngumu ya wembe, haidhuriki, nyama ndiyo inayoondoka. Suuza kwa maji mara kadhaa, tenganisha wembe mbili, ziweke kwenye glisarini, funika. Chora alama kwenye slaidi mara moja kuonyesha upi ni wa nje na upi ni wa ndani. Zikishachanganyika kwenye tone moja unaweza kuzijua tena, ila utapoteza muda.

Wembe wa nje una jino kubwa, jino la ziada nyuma yake, na pengine alama ya jino lingine lililobaki dalili tu. Wembe wa ndani una hayo, halafu pengo, halafu safu ya vijino vidogo kama msumeno. Wataalamu huandika hesabu hii kwa namba zilizotengwa kwa mkwaju. Ya solorzanoi ni 1/1/1 kwa wembe wa nje, na 1/1/1/9-10 kwa wa ndani: jino kubwa moja, la ziada moja, dalili moja, vijino tisa hadi kumi. Wameongeza kwamba jino la ziada ni butu kwenye wembe zote mbili. Maneno machache hayo yana uzito kuliko zile sentimita 22, kwa sababu mtu wa São Paulo au wa Dar es Salaam anaweza kuyapima mwenyewe kwenye slaidi yake.

Vijino vya mwisho huwa vidogo sana. Amua mapema utahesabu mpaka wapi, na ukitumie kigezo hicho hicho kwa vielelezo vyote.

Ngozi

Mahameli yenyewe ni vinundu vidogo vilivyopangana kwenye pete za mwili, na kila kinundu kikubwa kina sehemu ya chini, kipande cha juu, na unywele mmoja wa kuhisi. Juu yake kuna vigamba vidogo mno vilivyopangwa kwa safu. Ngozi hii haishiki maji. Tone likidondoka juu ya mnyoo hai huteleza likaenda zake.

Kata kipande kidogo cha ngozi ya mgongo, katikati ya mwili, nje kidogo ya mstari wa kati. Kwa hadubini ya mara 400 utaona umbo la vinundu na kama kitako chake ni cha mviringo. Safu za vigamba zinahitaji hadubini ya elektroni, na kwa solorzanoi ndivyo walivyofanya: zaidi ya safu 18 kwenye vinundu vikubwa, na kipande cha juu kina safu 6 hadi 7. Kama chuo chako hakina mashine hiyo, ruka. Kujitahidi kuhesabu vigamba kwa jicho kwenye hadubini ya kawaida ni kujidanganya.

Kati ya pete hizo kumetapakaa matundu ya hewa, mengi, na hayana kifuniko cha kufunga. Maji ya mwili hutoroka humo muda wote. Ukilijua hilo huhitaji kukariri makazi yake: magogo yaliyooza, chini ya mawe, kwenye udongo wenye unyevu, na kutoka nje usiku au wakati wa mvua. Ukipata nafasi ya kumtafuta, Gabon au Amerika, geuza gogo kwa uangalifu, tazama upande wa chini na ardhi iliyokuwa chini yake, kisha lirudishe lilivyokuwa. Gogo lililoachwa limepinduliwa hukauka kwa siku chache, na wote waliobaki humo wameondokewa na nyumba.

Ndani, na gundi

Kama umeruhusiwa kumpasua, kata ngozi ya mgongo kando kidogo ya mstari wa kati, maana moyo ni mrija mrefu unaopita juu kabisa. Fungua kwa pini kulia na kushoto. Kinachojaza macho ni tezi mbili za gundi: mirija yenye matawi inayofika hadi karibu na mkia, ikikusanyika mbele kwenye mfuko mnene wenye misuli, kisha kwenye kile kinyunyizio cha pembeni mwa mdomo. Utumbo uko katikati, umenyooka. Kwa jike wa Peripatidae wa Amerika, fuata mirija ya uzazi kwa utulivu. Unaweza kukuta watoto wa hatua mbalimbali, maana hawa huzaa, tena mimba hulishwa kwa kondo.

Gundi hiyo ndiyo silaha yake. Hunyemelea mdudu usiku, humgusa kwa vipapasio, kisha humrushia nyuzi mbili zinazopishana hewani na kumfunga chini. Sehemu kubwa ya gundi ni maji, takriban asilimia 90, na kinachofanya kazi ni protini. Akimaliza, humtoboa, humtia mate ya kuyeyusha, na hula hata gundi yake mwenyewe ili isipotee.

Nyuzi zinapishanaje? Karatasi ile ya 2010, ya Bernal Morera-Brenes na Julián Monge-Nájera, ilisema misuli huvichezesha vinyunyizio huku na huku. Miaka mitano baadaye wawili hao hao, wakiwa na Andrés Concha na wenzao, waliwarekodi wanyama kwa kamera za kasi, wakaona kinyunyizio hutikisika mara 30 hadi 60 kwa sekunde na gundi hutoka kwa mita 3 hadi 5 kwa sekunde. Misuli ile haiwezi kasi hiyo. Walitengeneza mrija laini wa kuigiza, wakapata jibu: ni bomba la bustani lililoachiwa huku maji yamefunguliwa kwa nguvu. Umajimaji unaotoka ndio unaoutikisa mrija, mnyoo anakamua tu. Napenda sana kuwaonyesha wanafunzi karatasi hizi mbili pamoja, kwa sababu ya kwanza haikufutwa. Meno bado ni yale yale 9 hadi 10, vikanyagio bado vinne. Maelezo ya utendaji yakabadilika, hesabu ikabaki.

Jina na lebo

Hata jina lilibadilika. Solorzanoi ni kwa heshima ya Alejandro Solórzano, mtaalamu wa nyoka aliyemwona wa kwanza mwaka 1996. Mwanzo aliitwa Peripatus solorzanoi. Mwaka 2020 jenasi mpya ya Mongeperipatus ikaundwa, naye akahamishiwa humo, huku watafiti wa Kosta Rika wakisema huenda Peripatus halisi haipo kabisa Amerika ya Kati. Uhamisho wa namna hiyo unawezekana kwa sababu kielelezo cha jina, yaani yule mnyoo aliyetumika kuipa spishi jina, kimehifadhiwa, na mahali alipotoka pameandikwa: msitu wa upande wa Karibi, Guayacán ya Siquirres, mkoa wa Limón. Mtu yeyote anaweza kurudi pale.

Wetu wa kabatini hana bahati hiyo. Taya zake ni nzuri, wembe wa ndani una pengo na vijino vinavyoonekana vizuri, tundu la uzazi liko panapostahili kuwa kwa Peripatidae. Lakini lebo inasema "Peripatus", namba ya mtu aliyetuuzia, basi. Hakuna nchi, hakuna mwaka. Wanafunzi huniuliza spishi gani, nami huwaambia familia, nikiishia hapo. Mnyoo wa tropiki asiye na mahali hata umhesabie nini hutampatia jina, kwani spishi nyingi za kundi hili zinatengwa na mambo madogo na mabonde mawili tu.

Kwa hiyo ukimaliza, lebo iandikwe kwa penseli au wino wa kichina, kwenye karatasi nzito, na iingie ndani ya chupa pamoja na mnyoo. Ya kubandika nje hudondoka, na wino wa kalamu ya kawaida huyeyuka kwenye spiriti hadi unabaki na karatasi nyeupe. Andika nchi, mkoa, mahali, kimo toka usawa wa bahari, tarehe, alikuwa ndani ya nini, nani alimkamata. Taya uliyoitoa irudi ndani ya kichupa kidogo, kichupa ndani ya chupa kubwa, kikiwa na lebo yake.

Na kama kuna anayetaka kipande kwa ajili ya DNA, mkatie mguu mmoja wa katikati ya mwili, upande wa kushoto, uende kwenye ethanoli ya asilimia 95 au zaidi. Akiomba wa nne au wa tano, mnyime.